Dawa ya Safari

Kwa miaka ishirini na tisa watu wa Nachingwea walijua mambo mawili kuhusu mimi, Samia binti Mohamedi: kwamba ugali wangu hauna madonge, na kwamba gari linanikataa. La ugali ni kweli.

La gari lilianza nilipoolewa. Kwa mila zetu mume ndiye anayehamia ukweni, walau mwanzoni, na Jamali alihamia kwetu Ruangwa akakaa miezi mitano. Mjomba akimwamsha akalime, analima. Mjomba akimtuma porini, anakwenda. Lakini Jamali hakuwa mtu wa kutumwa. Siku moja aliaga kwamba ananipeleka kwao Nachingwea kusalimia tu, tukapanda lori la korosho, na hatukurudi. Njiani nilitapika mpaka nyongo. Wiki chache baadaye tukajua kuwa ilikuwa mimba ya Habibu, mwanangu wa kwanza na wa pekee, lakini Jamali alishikilia kwamba ni gari.

"Kuna watu damu yao haipatani na gari," alisema. "Usijali, nitakutafutia dawa."

Na aliipata. Mwanaume yule hakujua hata sukari inakaa wapi ndani ya nyumba yake, ila siku ya safari yangu alikuwa jikoni kabla ya adhana ya alfajiri, anachochea moto, anachemsha mizizi, anachuja kwa kitambaa. Ilikuwa chungu kuliko mwarobaini. Nikishaimeza, gari halijafika hata kona ya stendi, tumbo linapinduka. Jamali ananishika mgongo, ananipangusa mdomo kwa kanga yangu.

"Unaona? Hata dawa imeshindwa. Bila dawa si ungekufa?"

Tunarudi nyumbani, nalala siku mbili.

Ndivyo nilivyoikosa harusi ya mdogo wangu Amna. Ndivyo nilivyoshindwa kwenda kumuuguza mama. Na asubuhi tulipoletewa habari kwamba mama amefariki, nilikunywa kikombe kizima na nusu nyingine juu yake, ili nifike. Nilitapika hapohapo mlangoni. Jamali akaenda kuzika kwa niaba yangu, mimi nikabaki kwenye mkeka nikililaani tumbo langu.

Na nilimpenda, nisiseme uongo. Nilikuwa nikijisifia kisimani: ni mwanaume gani mwingine mji huu anayempikia mkewe dawa kwa mkono wake? Wenzangu walinionea wivu.

Jamali alifariki Januari mwaka huu. Nikakaa eda, miezi minne na siku kumi, na ndani mle mtu huwaza sana. Niliwaza kwamba nimekaribia miaka hamsini, na dunia yangu inaanzia sokoni inaishia shambani. Nikaamua: nikitoka eda, nasafiri. Peke yangu, bila mtu wa kunishika mgongo. Nitatapika? Basi nitapike. Kwanza Ruangwa kwa Amna, nikamwombe radhi kwa kutomzika mama, maana alinikasirikia kiasi cha kutofika hata kwenye msiba wa mume wangu. Halafu nipande basi la Dar, halafu niende Tanga, halafu popote ambako sijawahi kufika, na hiyo ni sehemu kubwa ya nchi.

Habibu alipinga. Ana mke, ana duka la pembejeo, lakini kwenye jambo hili alinizuia kama mtoto anayeng'ang'ania nguo ya mama yake. "Mama, utaumia bure. Utaenda kuwatapikia watu wa watu." Alipoona sibadiliki, akanyamaza. Asubuhi ya safari nilimkuta jikoni kwangu anachuja dawa kwa kitambaa, ameinama vilevile alivyokuwa akiinama baba yake. Machozi yalinitoka. Nikasema moyoni, mtoto huyu amerithi huruma.

Aliijaza kwenye chupa ya maji, akaniagiza niinywe stendi, nusu saa kabla ya kuondoka. Lakini tulipofika, Kosta ya Ruangwa ilikuwa inanguruma, imebaki siti moja, ya mbele, dirishani.

"Mama, ya bosi hiyo, wahi!" kondakta aliniita.

Nikapanda. Habibu akawa anapiga kelele nyuma yangu, "Mama, dawa! Kunywa dawa!" Nikampungia mkono, nikaisokomeza chupa mkobani. Nilisema nitakunywa kichefuchefu kikianza.

Hakikuanza. Nilikisubiri kama mtu anayesubiri mgeni asiyempenda. Kona ya kwanza, tumbo kimya. Gari likaruka kwenye mashimo, kimya. Tukapita mashamba ya ufuta uliokatwa na kusimamishwa mafungumafungu, vumbi likaingia, harufu ya mafuta ikaingia, na tumbo langu limetulia tu. Baada ya muda nikasahau kulisikiliza. Nilifungua dirisha upepo ukanivua mtandio, nikauacha begani. Niliona mikorosho ambayo sijaipalilia mimi, na watu wasiojua mimi ni mke wa nani. Gari liliposimama nilinunua karanga za kuchemsha na machungwa mawili, nikala yote bila kumgawia mtu.

"Mama, unasafiri na nani?" kondakta aliuliza.

"Na mimi mwenyewe," nikamjibu, nikacheka mpaka dereva akageuka.

Nilikuwa na furaha, jamani. Furaha ya kijinga, ya mtoto aliyeachiwa kopo la sukari. Tulipoanza kuona mabati ya Ruangwa nilitamani dereva apitilize. Na hapo ndipo swali likanijia, halikugonga hodi: kama gari halinikatai leo, lilinikataa lini? Nikalifukuza. Nikajiambia labda umri umenitibu.

Amna alinipokea kama anavyopokelewa mtu wa sensa. Alinipa mkeka, akanipa maji, akaniuliza hali ya njia. Kisha akakaa mbali kidogo.

"Kwa hiyo leo gari limekukubali, dada."

"Limenikubali."

"Ajabu. Limesubiri mumeo afe."

"Amna, nisamehe. Siku ya kumzika mama nilikuwa natapika, sikuweza hata kusimama."

"Usinifanye mtoto," alisema. "Mama alikuulizia mpaka ulimi ukawa mzito. Halafu mumeo akaja peke yake, akasimama mbele ya mjomba na watu wote, akasema: 'Mwenzangu amesema mzikeni tu, yeye kwao sasa ni Nachingwea.' Tulisikia kwa masikio yetu. Mjomba akasema basi, huyo amejitoa mwenyewe kwenye ukoo."

Niliapa kwamba sikusema. Nilimweleza gari linavyonikataa.

"Likukatae wewe?" Amna alicheka bila furaha. "Wewe uliyekuwa unakaa juu ya magunia ya korosho mpaka Lindi, unaimba, sisi tumefumba macho kwa woga? Gari lilianza lini kukukataa?"

Nikamsimulia habari ya dawa. Nikatoa na chupa, aione, ajue kwamba sikuwa naigiza. Amna akaifungua, akanusa. Akakunja uso, akanusa tena. Akamimina tone kiganjani, akaonja kwa ncha ya ulimi, akatema nje ya mkeka.

"Dada, unajua hii ni nini?"

"Dawa ya safari."

"Hukumbuki mbwa wa mjomba?"

Marehemu mjomba alikuwa mwindaji. Mbwa wake wakila sumu, alikuwa akiwapanua mdomo na kuwamiminia maji ya mizizi ili watapike. Nilikumbuka makelele tu, kwa sababu niliogopa mbwa na nilikuwa nikikimbilia ndani. Amna ndiye aliyekuwa akiwashika miguu.

"Harufu hii siwezi kuisahau," alisema. "Na miezi ile mitano Jamali alipokaa kwetu, nani alikuwa anatumwa porini kuchimba mizizi?"

Sikulia. Nilikaa nikivikumbuka vikombe vyangu kimoja kimoja: cha harusi, cha ugonjwa wa mama, na kile kimoja na nusu cha msiba. Nilimkumbuka Jamali akinipangusa mdomo, taratibu, kwa upole, na upole ule ndio ulionichoma kuliko yote. Angenipiga, ningejua la kufanya. Angenikataza, ningebishana, ningetoroka. Yeye alinifanya nilichukie tumbo langu na nimshukuru yeye. Kikulacho ki nguoni mwako, tunasema, na nguo hiyo niliifua na kuianika mimi mwenyewe miaka ishirini na tisa.

Amna ndiye aliyelia. "Na mimi nikakuchukia bure," alisema, akasogea mpaka magoti yetu yakagusana.

Jioni ile nilimpigia Habibu. Nilitaka nimwambie kwa upole asije akaipika tena dawa ile, maana maskini hajui.

"Mama! Umefika? Umetapika sana?"

"Sikuinywa."

Nilisikia mlango ukifungwa upande wake.

"Habibu, nani alikufundisha kuichemsha?"

"Baba. Alipokuwa mgonjwa alinielekeza mizizi ya kuchimba."

"Alikwambia inafanya nini?"

Kabla hajajibu nilikuwa nimeshajua. Mama hujua.

"Mama, ule ni wasia," alisema. "Alinishika mkono. Alisema mama yako akishapanda gari mara moja tu atarudi kwao, na wewe utabaki huna mama, na mimi kaburi langu halitakuwa na mtu. Akaniapisha. Ningefanyaje? Wasia wa maiti unakataliwa?"

"Kwa hiyo ulijua."

"Nilijua. Lakini nilipunguza, mama. Niliweka mizizi nusu. Sikutaka uumie sana."

Nilikata simu. Jamali amekwisha kufa, nilikuwa nimejiambia, hasira yangu itakwenda kukaa kaburini kwake na itaishia huko. Kumbe mrithi wake nilimzaa mimi, nikamnyonyesha, na asubuhi ile ile nilikuwa nimemlilia kwa kumwona ana huruma.

Nilikaa kwa Amna siku tano. Alinipeleka kaburini kwa mama, nikamweleza mama yote, kwa sauti, hata waliokuwa wanapita walisimama. Siku ya sita nilikata tiketi ya Dar. Amna alitaka anisindikize, nikakataa. Nilimwambia nimesindikizwa vya kutosha maishani.

Nilikuwa nimeshakaa kwenye siti yangu, basi linasubiri abiria wa mwisho, simu ikaita. Alikuwa Habibu. Alikuwa amepiga kila siku na sikupokea. Safari hii nilipokea.

"Mama, unarudi lini?"

"Sijui."

"Mama, tafadhali."

"Wewe ni hodari wa kutunza wasia, mwanangu. Basi tunza na wangu. Nikifa, nizikeni hapohapo nitakapofia. Ikishindikana, nileteni Ruangwa kwa mama yangu. Pembeni ya baba yako msinilaze."

Nilimsikia analia, lijanaume la miaka ishirini na nane. Na mimi niliumia, kwa sababu ni mwanangu na sina mwingine. Nikamwacha alie. Dereva aliwasha gari.

"Mama," alisema mwisho, "lakini umenisamehe?"

"Nusu," nikamjibu.