Rimu Tatu za Safari ya Maka

Twaha wa Pangani alikaa Doha miaka kumi na mmoja bila kuiona Maka, na jambo hilo lilimkera kuliko joto la Agosti. Si kwamba hakutaka. Alikuwa dereva wa nyumba, na dereva wa nyumba haendi anakotaka, anakwenda anakotumwa: shuleni, sokoni, hospitalini, kwa shangazi wa Al Wakra, kisha shuleni tena. Katika miaka hiyo familia aliyoifanyia kazi ilikwenda Umra mara tatu, na mara zote tatu ilipanda ndege. Yeye alibeba mabegi mpaka uwanjani, akawaaga kwa bashasha, akarudi na gari tupu. Ndugu zake wakawa wanamwuliza kwenye simu, "We Twaha, uko mlangoni kabisa, unangoja nini?" Angewajibu nini?

Basi mwaka ule wa 2013, Mama Kubwa akagoma. Mama Kubwa ndiye mama mzazi wa bosi, ambaye wafanyakazi wote wa nyumba humwita Baba. Ni bibi wa miaka sabini na ushei, na masikio humuuma kila ndege inapopaa. Akasema safari hii hapandi ndege hata kwa kubebwa. Atakwenda kwa gari, kupitia mpaka wa Salwa, taratibu, na wa kumwendesha ni Twaha. Nani wa kumbishia? Visa zikatoka, jina la Twaha likiwamo, naye akanunua ihramu siku hiyo hiyo.

Sasa sikiliza balaa. Siku ya Jumanne, Jasim, mtoto mkubwa wa nyumba, alichukua Prado ya familia akaenda kuchezea mchangani Sealine na wenziwe. Aliirudisha jioni ikiyumba. Rimu moja ya mbele imepasuka ukingo, mbili zimepinda mpaka zinavuja upepo. Na safari ni Alhamisi! Baba aliizunguka gari mara mbili, mtoto hakumgombeza hata neno, akamgeukia Twaha na kumpa pesa za rimu.

"Alhamisi saa sita mchana iwe hapa mlangoni, tayari. Ikikosekana nakata tiketi, na mama nitambembeleza mwenyewe."

"Sawa, Baba," Twaha akaitika. Kwenye ndege dereva wa nini?

Tusimvunjie heshima, Twaha hakuwa mbumbumbu wa magari. Ugonjwa wake ni kwamba alijiona hana la kumwuliza mtu. Jumatano alfajiri alichukua katoni ya Vimto jikoni, akaibandika kwenye rimu ya spea iliyoning'inia mlango wa nyuma, akachora matundu sita ya nati kwa kalamu na kuyatoboa kwa kisu. Kisha akaifunga ile spea badala ya rimu iliyopasuka, akazijaza upepo zile zilizopinda, akajikongoja na gari hadi Industrial Area, ambako watu wote tunakuita Sanaiya. Asubuhi nzima alizunguka maduka ya vipuri vilivyotumika akibandika katoni yake kwenye rimu za watu. Wauzaji walimcheka, naye hakujali. Akapata nne zinazong'aa, nyeusi zenye mistari ya fedha, na matundu yake yakalingana na katoni bila kupishana hata unywele. Mwenye duka alimwambia mapema kwamba kitu kikitoka hakirudi. Twaha akalipa akitabasamu, akazipakia.

Alielekezwa kwenye karakana moja ya matairi, kwa fundi aitwaye Laban, Mkenya wa Bungoma, mtu mrefu, mkimya, na polepole mno kwa macho ya Twaha. Laban alitia jeki, akafungua gurudumu la mbele, akanyanyua rimu moja mpya na kuilenga mahali pake. Matundu sita yakapokea bolti sita za habu, kile kitovu cha chuma kinachobeba gurudumu. Halafu ikagoma. Ilisimama vidole viwili nje, haiingii wala haitoki.

"Isukume, bwana," Twaha akasema.

"Hii haisukumwi, mzee wangu." Laban aliishusha, akaigeuza mgongo, akatia kidole kwenye tundu la katikati. "Umepima nati ukasahau katikati. Hizi ni za Pajero. Ona habu ya Prado ilivyo nono. Haitapita hapa hata leo tukeshe."

Twaha akaitazama katoni yake. Pale katikati ya spea palikuwa na kifuniko chenye nembo, naye alikipitia juu kwa juu kama vile si kitu. Loo! Alisikia masikio yakimwaka moto. Nne nzima, na pesa za Baba zimekwisha!

Fundi wa kuchonga vyuma wa banda la jirani, aliyekuja kuchungulia, akasema kwa Kiarabu cha karakana kwamba hapo hapana tatizo. Apelekewe yeye, atalipanua lile tundu kwa mashine, nusu saa kila moja. Twaha akafufuka.

"Si hayo sasa! Tuzipeleke."

"Zikichongwa sizifungi," Laban akasema.

"Kwa nini huzifungi?"

"Tundu likipanuliwa hivyo, kati yake na matundu ya nati itabaki nyama kidogo tu, unene wa chapati. Kwa gari hiyo mko watu wangapi?"

"Saba, na mizigo."

"Mnaenda wapi?"

"Maka. Kilomita elfu moja mia nne na kitu."

"Basi mimi sizifungi. Karakana ni mob hapa, tele, jaribu kwingine. Lakini mimi, zii."

Hapo Twaha akalipuka. Alisema yote, mbele ya watu, bila haya: miaka kumi na mmoja, mabegi ya uwanja wa ndege, Mama Kubwa, saa sita ya kesho. Alimwambia Laban kwamba ana roho mbaya, kwamba Wakenya wana kiburi cha bure, na mwishoni akatoa lile ambalo baadaye lilimchoma moyo: "Lakini wewe Mkristo, Maka inakuhusu nini? Utajuaje unaninyima nini?"

Laban alimwacha amalize. Alifuta mikono kwa tambara, kidole kimoja kimoja.

"Nimeskia, mzee wangu," akasema. "Kama ni safari ya kuenda kuomba Mungu, si ndiyo afadhali mfike? Ngoja niwaambie hawa nimetoka. Twende tukatafute."

Twaha alifunga milango ya gari. Alimfuata.

Na hapo ndipo alipouona ufundi, ufundi ule wenyewe ambao mtu anaweza kuishi mjini miaka kumi na mmoja asiuone. Duka la kwanza walikuta rimu nzuri, tundu la kati sawasawa. Twaha alikwishatoa pochi. Laban akalaza ufito wa chuma mgongoni mwa rimu, ukingo kwa ukingo, akapima kutoka kwenye ufito hadi pale rimu inapokaa kwenye habu. Akatikisa kichwa. Zingetokeza nje ya bodi, akaeleza, na uzito wa watu saba ungening'inia kwenye beringi njia yote. Duka la pili aliipokea rimu, akaiinua kwa mkono mmoja na kuigonga kwa spana, akainamisha sikio. Sauti ilikatika mara moja. Akakwangua rangi kwa ukucha, na chini yake kukaonekana mshono wa kuchomelea. Muuzaji alifoka kwa Kiurdu. Laban akamwomba radhi kwa adabu zote, akatoka. Kwingine zilikuwa ndogo kwa inchi moja, akasema breki za Prado hii zitazisugua. Jua linawaka, jasho linamtiririka, na mtu huyo hainui sauti wala haharakishi kitu! Twaha naye akaanza kugonga rimu na kuinamisha sikio.

"Hii je? Inalia vizuri."

"Inalia, mzee wangu. Lakini hiyo ni ya Patrol."

Wakacheka wote wawili, mara ya kwanza siku hiyo.

Karibu na Magharibi, nyuma ya duka lililojaa viti vya magari, chini ya lundo, Laban akavuta rimu ya kijivu iliyochunika, imejaa vumbi. Akalipangusa vumbi la mgongoni kwa dole gumba, akasoma namba zilizopigwa muhuri kwenye chuma. Akapima kati. Akalaza ufito. Akagonga, na sauti ikaenda mbali. Chini yake palikuwa na nyingine mbili, na kila moja aliifanyia yale yale tangu mwanzo, kana kwamba hajaiona ya kwanza.

"Hizi," akasema. "Zimetoka kwa Prado kama yenu. Tatu hizi, ile nzima iliyobaki kwa gari, na ile ya spea. Tano."

"Hizi? Na ubaya huu?"

"Ubaya ni wa sura tu."

Twaha alizilipia kwa pesa zake mwenyewe, na hakunung'unika.

Alhamisi asubuhi Laban alihamisha matairi, akayapima mzunguko, akaondoa mtetemo. Nati alianza kuzifunga kwa vidole, bila spana, mpaka kila moja ikakaa. Kisha akazikaza kwa kuvuka upande mmoja kwenda wa pili, kidogo kidogo, kwa ile spana ndefu inayolia ta! ikifika kipimo. Alipomaliza ilikuwa saa tano na nusu. Kufika nyumbani ni nusu saa. Twaha alikwishashika ufunguo.

"Bado," Laban akasema. "Rimu ikipata mahali pageni lazima ijikalie. Shika njia ya Dukhan, zungusha kilomita hamsini, urudi nikaze tena. Gari ya safari siiachi bila hiyo."

"Laban, ni saa sita!"

"Najua."

"Na nikienda moja kwa moja?"

"Labda hakuna kitu kitafanyika." Laban aliweka spana chini. "Mimi siwezi kukuzuia. Ufunguo ni wako."

Twaha alisimama pale kama mtu aliyefungwa miguu. Akiondoka sasa hivi, saa sita yuko mlangoni, na Maka ni yake. Nani atajua? Lakini jana yake alimwona mtu huyu akikataa rimu duka baada ya duka kwa ajili ya watu saba asiowajua hata kwa sura. Alitoa simu akampigia Baba mwenyewe.

"Baba, gari iko tayari, ila sijaiamini bado. Lazima niizungushe kwanza, ikazwe tena. Nitafika saa nane kasoro."

"Twaha, mimi nilisema saa sita."

"Naam, Baba. Lakini Mama Kubwa simpandishi kwenye gari nisiyoiamini." Akaongeza: "Kama ni tiketi, basi kata."

Simu ikakatwa. Twaha akashika njia ya Dukhan, na tusimfichie siri, alilia kilomita zote hamsini, mwanamume mzima na mvi zake. Aliporudi, Laban alipita kila nati. Kwenye magurudumu mawili ziliitikia kidogo, upana wa kidole.

"Umeona?" Laban akauliza.

"Nimeona, fundi," Twaha akasema. Ilikuwa mara ya kwanza kumwita hivyo. Akampa mkono, Laban akampa kiwiko kwa sababu ya grisi, na Twaha akakishika kiwiko kile kwa mikono miwili.

Nyumbani alimkuta Mama Kubwa ameketi juu ya sanduku lake katikati ya mlango, fimbo magotini, na Baba amesimama kando yake, shingo upande.

"Nilifungulia sauti ya simu, akasikia yote," Baba akasema. "Tangu nimeikata hajaniacha nipumue. Nimwambie nini? Kila nikitaja tiketi ananionyesha fimbo."

"Waendeshaji wangapi wamenipandisha wakaniambia twende tu, twende tu?" Mama Kubwa akasema, akiinuka. "Huyu peke yake ndiye aliyekataa. Mimi nakwenda naye. Anayetaka ndege akapande."

Hakuna aliyepanda ndege. Walivuka Salwa kabla ya Magharibi, na Prado ilikwenda kimya, usukani umetulia mikononi, na Mama Kubwa akasinzia kuanzia Hofuf mpaka Riyadh. Walipolala njiani, Twaha alizipapasa nati zote kabla ya kuzigusa kwa spana. Jasim, aliyekwishazibeza zile rimu mara tatu kwa uchakavu wake, alikuja akachuchumaa karibu yake akauliza anafanya nini. Twaha akamfundisha.

Huko kwao Pangani wanasema dua ya mtu anapoiona Kaaba kwa mara ya kwanza hairudi mikono mitupu. Twaha alikuwa amejiandaa: mama yake marehemu, wanawe, nyumba isiyoezekwa, mgongo wake. Aliingia akiwa ameinamisha macho, akimshika Mama Kubwa mkono, mpaka alipohisi amefika. Akayainua. Wallahi, yote yalimtoka. Hakukumbuka nyumba wala mgongo. Machozi yalimziba, akainua viganja, na jina lililomjia kinywani lilikuwa la Laban. Akataka kumtaja pamoja na jina la baba yake, kama watu wafanyavyo, na hapo akagundua kwamba hakuwahi kumwuliza jina hilo.

"Mola wangu," akasema, "Laban. Yule fundi wa magurudumu wa kule Sanaiya. Wewe unamjua."