Mbalungi wa Kwenye Kona

Eufemia alipanga kazi yake kwa kuhesabu kinyumenyume. Harusi ya binti wa Don Severino, mwenye malori ya kokoto, ilikuwa Jumamosi tarehe 23 Mei, na vipepeo mia mbili walitakiwa kuruka mlangoni pa kanisa saa nne asubuhi. Akaizungushia tarehe wino mwekundu kwenye kalenda ya jikoni, akarudi nyuma: siku moja ya kukausha mabawa, kumi na moja za pupa ndani ya ganda lake, kumi na nane za viwavi, tano za mayai. Tarehe 18 Aprili akawaingiza majike kwenye chumba cha wavu watage.

Kiwavi hajui kesho, anakula tu. Ilipofika tarehe nne Mei, milimau ya uani ilikuwa imebaki vijiti. Kulikuwa na mbalungi wa kwenye kona ya barabara, ambao Eufemia hakuwa ameugusa kwa miaka miwili. Hapo ndipo lori lilipomgonga na kumuua binti yake Ligaya, likachubua gome la mti na kwenda zake. Polisi waliandika kwamba namba ya gari haikuonekana na mtu. Eufemia alikwenda kituoni mara kumi na moja, na kila mara aliambiwa alete shahidi.

Akakata majani ya mbalungi, maana harusi haingoji.

Ijumaa vipepeo wakatoka kwa wakati, weusi, wazima. Kwenye bawa la kulia la kila mmoja, kwa madoa meupe, palisomeka TKB 831. Eufemia aliwakagua wote mia mbili na hakuna aliyekosea. Akawakunjia bahasha zao za karatasi, na usiku ule alilala vizuri.

Kanisani walitua kwenye shela, kwenye kofia, kwenye koti la Don Severino. Watu wote walisoma. Don Severino naye alisoma, kisha akatazama getini, lilipoegeshwa lori lililoleta viti.

"Jamani, huyu mama fundi!" alisema shangazi wa bwana harusi, aliyetoka Manila.

Sajini Macario wa kituo kile cha polisi akatoa daftari lake, akaandika. Eufemia akasogea karibu, akitabasamu. Sajini akamgeukia mkusanya kamari wa mtaa, aliyepokea dau za watu kwa namba mbili mbili kila siku.

"Nane na thelathini na moja, kaka. Niwekee zote. Mungu akitaka kukupa hakuandikii barua."

Jioni ile namba hizo zilitoka. Jumatatu Sajini alibisha hodi na kuku wawili.

"Mama Ligaya, mtaa mzima umekula kwa ajili yako!"

"Ile namba uliiandika, Sajini?"

"Nimeiandika, nimeicheza, imelipa."

"Na kwenye jalada la mwanangu?"

Sajini akamshika bega kwa upole. "Jalada linataka shahidi, mama, si mdudu. Ila Don anataka wengine mia mbili, sikukuu ya kijiji, tarehe 4 Julai. Safari hii tubadilishie namba. Ile imeshatoka."

Eufemia alimchukia kwa moyo wake wote, akapokea kuku.

Akafungua kalenda, akahesabu kurudi nyuma hadi tarehe 30 Mei. Siku hiyo ilipofika, milimau ilikuwa bado haijachipua. Akachukua mkasi na kikapu, akaenda hadi kwenye kona. Alisubiri kwanza lori TKB 831 lipite na kokoto zake, kisha akavuka barabara.