Lori Ndani ya Stoo

Majivu yalikuwa na nyayo za mtu mmoja tu, na hilo ndilo lililomnyima Letisia raha. Aliinama tena pale kwenye kizingiti cha stoo, ungo wa maharage ukiwa kiunoni, akazikagua nyayo zile kama anavyokagua maharage ya mchuuzi asiyemjua. Zilikuwa za Brightness, binti yake. Zinaingia, hazitoki. Na ndani, nyuma ya mlango uliofungwa komeo, mwanamume alikuwa anacheka.

"Punguza mwendo kwenye kona hiyo," sauti ya mwanamume ilisema. "Utatumwaga sisi na vitunguu vyako."

Letisia alirudi kwa kunyata mpaka kwenye kigoda chake uani, akakaa, akaanza kuchambua. Vidole vilikwenda vyenyewe, zuri huku, lililotobolewa kule. Moyo haukuwa kwenye maharage.

Majivu aliyamwaga mwenyewe asubuhi alipokuwa anasafisha jiko, kwa mkono mwepesi ili binti asishtuke. Stoo ile haina dirisha. Basi kama mwanamume hakupita mlangoni, kapita wapi?

Jibu alikwishapewa, ila halikumwingia. "Ni mchezo wa simu, mama," Brightness alimwambia siku panya walipotafuna waya wake wa masikioni na sauti za humo ndani zikaanza kusikika nje. "Naendesha lori la vitunguu swaumu kutoka Mbulu. Simu inarekodi kioo chake yenyewe, na mimi naongea huku nacheza. Halafu naingiza kwenye kompyuta, nakata pabaya, naunga pazuri, naweka mtandaoni watu watazame."

"Watu wazima wanamtazama mtu mwingine akicheza? Hawana mashamba?"

"Wanayo, mama."

"Na huyo mwanamume?"

"Hilary. Yuko kwao Mbulu. Ana simu yake na lori lake, tunakutana humo humo kwenye mchezo."

Lori alionyeshwa. Aliliona kwa macho yake likipanda mlima ndani ya simu, dogo, jekundu, limefunikwa turubai. Lakini kazi gani ya halali inahitaji komeo? Hata hapo binti alikuwa na jibu. Magunia ya mahindi yanameza mwangwi, alisema, ndiyo maana stoo ni nzuri kuliko chumbani. Blanketi linaziba upepo wa mlangoni. Na kuku mmoja akiingia na kulia, inabidi aanze upya. Letisia alilisikiliza jibu hilo mpaka mwisho, akaona limenyooka mno, na kwa kunyooka kwake likamtia shaka zaidi.

Msimcheke. Shaka ndiyo iliyomfikisha leo. Alfajiri ile ya Desemba, Mlima Hanang ulipoishushia Jorodom tope na mawe, Letisia aliamka kabla ya wengine kwa sababu katikati ya mvua alisikia ngurumo isiyotoka mawinguni. Alimshika Brightness mkono wakapanda juu gizani. Wolfgang, mumewe, alikuwa amelala chumba cha mbele kwa sababu ya homa. Yeye hakutoka.

Msibani, Ernestina, dada wa Wolfgang, alimsogelea akamwuliza kwa sauti ya chini, "Ulimwita?"

"Nilimwita," Letisia alijibu.

Alijibu haraka, na tangu saa ile amekuwa akilishuku jibu lake mwenyewe. Anaukumbuka mkono wa mtoto, anaukumbuka mlango, anaikumbuka mvua. Jina la mumewe likitoka kinywani mwake halikumbuki. Brightness naye alikuwa nusu usingizini, anachokumbuka ni kuvutwa tu. Kwa hiyo hakuna wa kumwambia, na Letisia anaishi na swali hilo kama mtu anavyoishi na jino bovu, akiligusa kwa ulimi kila asubuhi kuona kama bado linauma.

"Hodi hapa!"

Alikuwa Ernestina mwenyewe, anashuka kwenye pikipiki iliyomleta kutoka Endasak, khanga imejaa vumbi. Walisalimiana kiwifi, kwa maneno mengi na macho machache. Ernestina alivua kandambili, akakaa kwenye mkeka, akauvuta ungo upande wake, kwa kuwa si mwanamke wa kukaa mikono mitupu kwa watu.

"Nimetumwa," alisema. "Ukoo umekaa. Wanasema mtoto wa marehemu aje kwetu Endasak."

"Brightness kamaliza kidato cha nne, wifi. Siyo mtoto wa kubebwa."

"Hapo ndipo palipo na maneno. Habari imefika mpaka kwetu kwamba mchana kweupe anajifungia na mwanamume, na mama yake yuko nje anachambua maharage." Ernestina alitupa harage moja bovu pembeni. "Nikimkuta mtu humo leo, naondoka naye jioni hii. Na wewe utabaki hapa peke yako."

Letisia alijua ni ukoo huo uliotoa kiwanja walichojengewa nyumba baada ya maafa, mbali kidogo na korongo, na alijua ukoo ule ukisema jambo huwa hausemi mara mbili. Alimpenda binti yake kuliko pumzi. Bila Brightness, hapo Jorodom angebaki yeye na mlima, wanatazamana.

Alitaka kumtetea. Lakini na yeye hakuwa na uhakika.

Wingu lilikuwa limekaa juu ya Hanang tangu mchana, zito, la rangi ya chungu. Letisia alikuwa akilitupia jicho kila mara, kama kawaida yake. Ndipo maharage yalipotetemeka kwenye ungo. Alidhani ni mkono wa Ernestina, lakini mkono wa Ernestina ulikuwa umetulia. Kisha ikaja ngurumo, ya chini, ndefu, isiyopumua, na ndani yake kulikuwa na mvua.

Uani hakukuwa na tone.

Kinywa chake kilifunguka chenyewe, na alichokisema hakukijua. Aliruka, ungo ukamwagika, akaupiga mlango wa stoo kwa viganja vyote viwili mpaka komeo likafunguliwa, akamshika Brightness mkono akamvuta nje.

"Mama, subiri, ni..."

Hakusubiri. Jorodom tangu Desemba ile ina makubaliano yasiyohitaji mkutano: ukisikia yowe la mlima, huulizi, unalipokea na kukimbia. Jirani wa chini alilipokea, wa ng'ambo akalipokea, na mara njia ya kupanda kigangoni, kwenye kanisa dogo la kilimani, ikajaa watu. Wa mtoto kambeba, wa mbuzi kamwacha. Ernestina, aliyekuja kwa sauti ya ukoo, alikuwa mbele ya wote, miguu mitupu, maneno ya yowe lile yamempita kwa hofu.

Pale juu walisimama wakihema. Walitazama mlima. Mlima ulikaa kimya na wingu lake kichwani, korongo limekauka, ng'ombe wa mtu anakula majani ya mahindi bila haraka. Ngurumo bado ilisikika, hafifu, ikitoka chini, kwenye nyumba walizotoka kuzikimbia.

"Nani kasikia?" aliuliza Mzee Bura, balozi wao.

"Mimi," alisema Letisia.

Hapo ngurumo ilikatika. Ikafuata honi, ndefu kama ya lori halisi, halafu sauti ya mwanamume iliyopanda kilima chote ikitokea mlango wa stoo uliobaki wazi: "Brightness! Mbona umesimama katikati ya barabara?"

Brightness alijifunika uso. "Shikamooni wazee," alisema kwa sauti ya kupotea. "Naomba mnisamehe. Nimeazima spika ya wanakwaya, ya kwangu imekufa. Nilikuwa narekodi lori likipanda mlima kwenye mvua. Sikujua inatetemesha mpaka nje."

Wengine walicheka mpaka wakakaa chini. Mama Qamara, jirani aliyechubuka goti njiani, hakucheka. Mzee Bura alimtazama Letisia bila hasira. "Turudini," alisema. "Siku nyingine, Letisia, uwe unaangalia kwanza."

Maneno hayo yalimchoma kuliko kicheko. Aliteremka nyuma ya wote kwa aibu. Kumbe siku mlima ukija kweli, watasimama kwanza waulize nani kapiga yowe.

Ernestina aliingia stoo bila kuvua kitu, kwa kuwa kandambili zake zilikuwa bado mkekani. Alizunguka. Aligonga magunia kwa ngumi, akainua blanketi, akachungulia nyuma ya pipa. Alikuta simu imeegemezwa kwenye kopo la maharage, maikrofoni imefungwa soksi, spika ya kwaya, na kompyuta nzee iliyonunuliwa kwa mwalimu aliyehamishwa.

"Mwanamume yuko wapi?"

"Huyo hapo, shangazi. Kwenye simu."

"Nimesikia. Anaitwa nani sijui. Sasa nikueleze kinachofuata," alisema Ernestina, akimgeukia Letisia. "Mtu hayupo, sawa. Lakini nyumba hii si ya kumwachia binti. Mmoja anajifungia, mwingine anakimbiza mji mzima kwa ajili ya mchezo wa watoto. Fungasha, Brightness."

Brightness hakufungasha. Alikuwa amekwisha kuchomeka simu kwenye kompyuta, labda kwa kutaka mikono ifanye kitu, labda kwa kiburi. "Ilikuwa bado inarekodi," alisema. "Acha nikate hapo palipoharibika, shangazi, halafu tuongee."

Kwenye kioo palijitokeza mstari wa sauti, vilima vidogo vidogo vilivyofuatana, ndilo lori. Brightness alibonyeza. Mvua ikanyesha ndani ya stoo. "Wapendwa watazamaji, tunaanza kupanda," ilisema sauti yake, changamfu kuliko ilivyokuwa wakati wowote mezani, na Letisia alishangaa kwamba binti yake anaweza kufurahi kiasi hicho. Hilary akasema jambo kuhusu breki. Injini ikanguruma. Kisha vile vilima vikavunjwa na kilele kimoja kirefu, chembamba, na kutoka mbali, nyuma ya mlango, mwanamke akalia.

"Wolfgang! Wolfgang, toka! Baba Brightness, mlima! Toka nje!"

Halafu vishindo mlangoni. Halafu ndipo jina la binti: "Brightness!"

Binti alisimamisha. Kuku mmoja alisikika uani, akidonoa maharage yaliyomwagika.

Letisia alikuwa ameshika gunia. Hakuijua sauti ile, lakini ilikuwa yake. Alitaka kuiamini na hapo hapo akaishuku, maana leo siyo siku ile, na kinywa cha mtu kinaweza kujifunza kwa kuchelewa. Akakaa chini, mgongo kwenye gunia.

"Rudisha," alisema Ernestina.

Brightness alirudisha. Walisikia tena. Ernestina alikuwa amesogea karibu na kompyuta, shingo mbele, kama mtu anayemsikiliza mgonjwa. Mara ya tatu hakuomba, alinyoosha tu kidole.

"Ndivyo alivyokuwa akimwita kaka yangu kutoka shambani," alisema mwishowe, na haikujulikana anamwambia nani. "Hivyo hivyo. Jina mara mbili. Na yeye anajifanya hasikii." Uso wake ulikunjamana, akaufunika kwa pembe ya khanga.

Hakuna aliyesema habari za kufungasha. Nje, dereva wa pikipiki aliyekuwa akisubiri alipiga honi, akapiga tena, halafu akazima injini.

"Mama," Brightness aliuliza polepole, kidole kikiwa juu ya kile kilele, "nikate?"

"Usikate," alisema Letisia. Aliinuka akaenda mlangoni. Majivu yalikuwa yamevurugwa, nyayo za watatu zimekanyagana na haikuwezekana tena kujua nani kaingia na nani katoka. Alichukua jiwe la kusagia lililokuwa pembeni, akaliweka nyuma ya mlango ili usijifunge, na kuku wakaanza kuingia mmoja mmoja, wakitazama huku na huku.