Kazi ya Babu Ilikuwa Kufa

...asibadilishe tu stesheni, Mungu wangu, Mama Kubwa aiache hiyo rimoti, maana yule wa tatu kwenye mstari wa wapagazi, mwenye sanduku kichwani, anayetembea vidole nje kama kaka yangu Arnold, yule ni babu, babu kabisa, kijana, hana hata mvi, na mimi nimesimama hapa na pasi, miguu inawaka tangu asubuhi, kanzu za wavulana wa madam bado ni mlima... wazungu walikuja kwetu kupiga sinema porini, wakawa wanamwita babu kila wakitaka mtu wa kufa, mara kaliwa na simba, mara kasombwa na mto, jina lake hawakuliandika hata siku moja, na maneno waliyompa ni "Ndiyo, bwana," basi, halafu anaanguka, lakini alivyoringa! kufa ni kazi, mke wangu, ndivyo alivyoniita, mke wangu, wengine walikufa ovyo, mimi nilikufa kama gogo, sipumui mpaka mzungu aseme imetosha, nasi watoto tukipiga kelele, babu, kufa! anajitupa kwenye majani, tunamtekenya, wapi, hatingishiki... Jumamosi wamemzika, dada yangu Velma alinishikia simu nione, mtandao ukakwama jeneza likiwa nusu shimoni, likabaki hapo hapo, kwangu halijashuka mpaka leo, wala sijalia, ningelia saa ngapi, nilipoomba ruhusa madam, binti yake Mama Kubwa, aliuliza, "Ni baba yako?" nikasema ni babu, "Ah, babu tu," akarudi kwenye simu yake, babu tu, nilichoka siku ile kuliko miaka yangu yote ya Doha... "Loice, chai," anasema Mama Kubwa, naam, mama, lakini siendi, ndege inapita juu ya mtaa huu wa Al Thumama, madirisha yanatetemeka, na mshale huo, umempata, sanduku chini, babu chali kwenye mchanga, wanamwonyesha kwa karibu, televisheni yenyewe kubwa kama mlango, na kifua... kifua kinapanda, kinashuka, kinapanda tena, ee, babu mwongo wewe, miaka yote unatudanganya, unapumua, dunia nzima inakuona unapumua!

"Miskin," Mama Kubwa anatikisa kichwa, "mat." Eti maskini, amekufa.

"La, mama," naisikia sauti yangu, "angalia kifua."

Haangalii, ameshabonyeza, sasa kuna mpishi anakaanga vitunguu, nami nacheka, nacheka peke yangu kama mwehu, machozi yanadondoka kwenye kanzu niliyokwisha kuinyoosha, napitisha pasi juu yake, na jeneza linashuka, nalihisi, taratibu, mpaka chini kabisa, imetosha, mume wangu, pumua sasa, hakuna anayekupiga picha... "Loice, chai," naja, mama, naja.