Safu ya Maji Kupwa

...na wimbi hili nalo limepita, limeninyanyua na kuniteremsha taratibu kama mtu anayepisha mgeni, likaenda kusimama wima juu ya mwamba, ghorofa nzima, likapasuka, maji yamejaa pomoni na mwamba hauonekani, ila upo, "Dada, lile lilikuwa lako," anapaza sauti daktari wa meno, mwenzangu wa kupanda mawimbi, juu ya ubao wake, "au unasubiri barua ya mwaliko?", nasubiri, daktari, nasubiri, nimekaa juu ya ubao wangu, miguu inaning'inia majini kama si yangu, barua... tume ya uchunguzi ilikuwa na watu watatu, hakuna hata mmoja ajuaye kuogelea, wakaupima mwamba kwa rula juu ya ramani, wakaandika kurasa kumi na moja, nakala nne, kwamba kaka alipanda mawimbi maji yakipwa, akajibamiza mwambani, "kwa uzembe wake mwenyewe", hivyo leseni ya kufundisha kupanda mawimbi arudishe, naye akatia saini kitandani, plasta hadi kiunoni, akicheka, "Wameniweza, mdogo wangu, hata uzembe wangu una namba ya jalada", na mimi nikamshikia karatasi isiteleze, ndiyo, nikaishika kwa mikono miwili, mimi ambaye asubuhi ile, yeye akipaka ubao nta, vidole vinanata, akaniuliza maji yanajaa saa ngapi, nikatazama jedwali ukutani, mswaki mdomoni, nikamwambia saa nne, na saa nne ilikuwa safu ya pili, safu ya kupwa, akaingia saa mbili akiamini maji yanapanda kumbe yanamkimbia... miezi mitatu, mama anasema yaliyopita si ndwele, mama hajui, tume haikuniuliza, fomu haikuwa na nafasi ya dada, na rufaa inafungwa leo saa tisa alasiri, ofisi zetu huchelewa kwa kila kitu isipokuwa kufunga, "Haya, hili hapa, piga makasia ya mikono!", linakuja, kubwa, safi, daktari analifuata, mimi mikono mapajani, linanipandisha, kwa juu nauona ufuko, kaka kwenye kiti cha plastiki, gongo la kutembelea kando, ananipungia, anadhani naogopa mwamba... linanishusha, nimekaa palepale, nikijifuta maji tu nitapata sababu, najijua, kwanza chai, kwanza nguo kavu, basi nitamwambia kaka habari ya ile safu ningali nachuruzika.