Maji ya Saa Kumi

"Usitetemeke," Fundi aliuambia mkono wake, na mkono huo, ulioshona nguo za maharusi miaka thelathini bila kuambiwa neno, ukatetemeka makusudi.

Alikuwa ameiinamia okidi dirishani, ameshika kichuma chake cha kufumulia nyuzi. Kwenye kikonyo cha maua kulikuwa na macho matatu ya kuchipulia, kila moja limefunikwa gamba jembamba. Alilichana la kwanza, akalibandua taratibu, na chini yake akaona kidoa cha kijani kisichozidi kichwa cha pini. Hapo akapaka dawa kwa ncha ya njiti ya kiberiti.

"Chembe tu," muuza maua wa mtaani alikuwa amemwonya siku alipompa kichupa cha dawa hiyo. "Hii ni dawa ya kuamsha macho yaliyolala, si siagi ya mkate. Ukibahatika, jicho litatoa mtoto mwenye majani na mizizi yake. Usipobahatika, litatoa maua. Dawa haichagui."

"Na mmea wenyewe?"

Muuza maua aliuvuta mzizi mmoja. Ukachomoka, laini, unanuka. "Huu hauna mizizi, mwenzangu. Umeunywesha mpaka umeuozesha. Unaishi kwa akiba ya majani tu."

Okidi ile ilikuwa ya marehemu mama yake. Mama aliwaachia mabinti wawili mmea mmoja na agizo moja: mwaka kwa mkubwa, mwaka kwa mdogo, msigombane. Wee! Kaburi halijakauka, wameshagombana. Kitinda, mdogo wake, aliyekuwa akiishi mbali na akaja kuzika tu, alisema Fundi hajui kutunza kitu, mmea uanzie kwake. Fundi akasema aliyeuguza ndiye anayeanza. Tangu siku hiyo walisalimiana kwa simu, salamu kavu. Na mwaka wa Fundi ulikuwa umebakiza miezi minne.

Jicho la kwanza lilikauka. La pili lilikaa kimya wiki saba, kisha likachomoza majani mawili, na baadaye kijizizi kimoja cheupe. Fundi alipiga kigelegele peke yake chumbani, akajiona mjinga, akapiga cha pili. Halafu jicho la tatu nalo likaamka, likatoa tawi lenye vitumba vitano vya maua.

"Kata hayo maua," alisema muuza maua. "Kulea mimba si kazi, kazi kulea mwana. Mmea huu hauwezi yote mawili."

Fundi aliitikia vizuri tu, akarudi nyumbani, asikate. Tusimsingizie, tuseme alivyowaza. Aliwaza kwamba maua yakichanua, Kitinda ataukuta mmea unapendeza, ataubeba kwa furaha aende nao. Ukifa, utafia kwake. Hakuna fundi asiyejua kuficha mshono mbovu chini ya bitana. Alijichukia kwa wazo hilo, lakini hakulifukuza.

Kitinda alikuja Jumamosi alasiri, na boksi lililojaa magazeti ya kufungia. Maua matatu yalikuwa yameshafunguka, meupe, yenye koo la zambarau. Aliyaona akiwa bado mlangoni, amevua kiatu kimoja.

"Loo! Dada! Maua ya Mama!" Akaja hivyo hivyo, mguu mmoja na kiatu, mmoja bila, machozi yanamtoka. "Na mimi nilisema hujui kutunza kitu. Nimekusema mpaka kwa watu. Nisamehe, dada yangu."

Kutukanwa Fundi angeweza. Kuombwa msamaha ndiko kulikomshinda. Alikaa kwenye kiti cha cherehani.

"Usiniombe radhi. Ushike mmea, uutikise."

Kitinda aliutikisa kidogo. Ulicheza ndani ya chungu kama jino bovu. Akapekua magome ya mti yaliyojazwa chunguni, akaona mizizi iliyobaki.

"Umeuua."

"Nimeuua. Nikataka ufie mikononi mwako."

"Wewe ni mtu wa namna gani, Dada?"

Fundi alionyesha kikonyo. "Kuna mtoto pale. Maua yakikatwa leo, huenda akapona. Mizizi yake ikifika inchi mbili ndipo atahamishwa. Usinihurumie mimi. Mhurumie yeye."

Kabla Kitinda hajasema neno, saa ikalia chumba cha pili. Fundi akainuka hapo hapo, akaenda kwenye jagi, akamimina glasi ya maji mpaka kipimo alichozoea, akageuka kuelekea dirishani, kwenye okidi. Alikuwa amefika katikati ya chumba alipojishtukia, akasimama na glasi yake.

"Hiyo saa ya nini?" aliuliza Kitinda.

"Inalia saa nne asubuhi na saa kumi jioni. Dawa za Mama."

"Mama hayupo mwaka mzima sasa."

"Najua."

"Na kila ikilia, wewe..."

"Maji yalikuwa yameshamiminwa," alisema Fundi. "Ningeyapeleka wapi?"

Kitinda hakuwa ameuguza hata siku moja. Saa ile hakuwahi kuisikia. Alisimama akiisikiliza, kisha akachukua mkasi juu ya cherehani, mkasi ambao ulikuwa haugusi chochote ila kitambaa, na Fundi akafungua mdomo kugomba, akaufunga. Kitinda alilikata tawi la maua mara moja, bila kupapasa. Akaivuta futi ya kamba shingoni mwa dada yake, akaipima mizizi ya yule mtoto, macho yamekaribia kugusa jani.

"Nusu inchi," alisema. "Haifiki hata moja."

"Haifiki."

"Nitakuja Jumamosi ijayo nipime tena."

Maua yalilala juu ya cherehani. Kule ndani saa ilikuwa ingali inalia, wala hakuna aliyekwenda kuizima. Kitinda alimshika dada yake bega, akamrudisha kitini.

"Kunywa wewe, Dada."

Fundi alikunywa. Kitinda alichuchumaa mbele yake, mkono ameunyoosha, akisubiri glasi irudi tupu.