Betri Zilizofungiwa Sabato

Kaunti ilipoleta kituo cha kuchajia pikipiki za umeme kijijini Ikonge, kilikusudiwa kukaa sokoni. Lakini transfoma nzima ilikuwa moja tu, nyuma ya kanisa la Wasabato, basi kituo kikajengwa ndani ya ua wa kanisa. Wakubwa walikuja kukizindua kwa msururu wa magari ya dizeli, wakasifu hewa safi, wakaondoka na kuacha moshi. Ufunguo wa geti ukabaki kwa Mzee Obadiah, mzee wa kanisa.

Hapo likazuka swali: betri inaruhusiwa kuchajiwa Sabato?

Kamati ilikaa, ikanywa chai, ikaamua. Betri iliyochomekwa Ijumaa kabla ya jua kutua haina kosa, maana umeme haujabatizwa. Ila kuchomoa ni kazi, na kazi ingoje jua la Jumamosi litue. Watu wakaitikia amina. Hakuna aliyejiuliza pikipiki zitatokaje.

Joyline pia aliitikia. Alikuwa mwanamke pekee stejini kwa waendesha bodaboda, na pikipiki yake ya umeme wenzake waliiita pasi, eti nayo huchomekwa ukutani. Wiki hiyo kanisa lilikuwa limempa jaribio: asubuhi ya Sabato amlete mhubiri mgeni kutoka Nyanchwa. Akimfikisha kabla ya mahubiri, kazi ya kubeba wahubiri ingekuwa yake, na asingengoja tena abiria hadi giza huku mwanawe mchanga akilazwa na bibi yake. Akishindwa, kazi ingemwendea Ochoki, mwenzake mwenye pikipiki ya petroli.

Asubuhi hiyo aliikuta pikipiki nyuma ya geti, betri imejaa pomoni, waya umeishika kama kamba ya mbuzi, na Mzee Obadiah amesimama getini na ufunguo.

"Tata, baba yangu, nifungulie nichomoe. Mhubiri ananingoja."

"Kuchomoa ni kazi, Joyline. Ulikuwapo tukiamua."

"Na kumleta mhubiri si kazi ya Mungu?"

"Kumleta, ndiyo. Kuchomoa, la."

"Ng'ombe akitumbukia shimoni Sabato, si hutolewa?"

"Ng'ombe hulia, mwanangu. Hii yako hata ikiwashwa hailii."

"Basi kamati ikae, ibadilishe."

"Kamati ni mkutano. Mkutano ni kazi."

Ochoki alipiga resi nje ya geti. "Dada, pasi imekwama? Mimi nimejaza tangi sasa hivi. Nimwendee?"

Hakuna aliyemuuliza kuhusu kununua petroli Sabato. Dhambi hiyo ilikuwa imezeeka hapo kijijini, ikapewa kiti.

Joyline alimkazia macho Obadiah, na mzee akatazama chini. Naye alikuwa na lake: mhubiri asipofika angehubiri yeye, na mahubiri yake yalikuwa yale yale tangu zamani.

"Siwezi kukutuma kwa mtu," alisema polepole. "Lakini Kemuma yuko ng'ambo ya barabara, analima migomba. Yule ni Mkatoliki, leo kwake ni siku ya kazi. Na mimi sasa hivi nitafumba macho niombe. Nikiomba, huwa naangusha vitu."

Ufunguo ukaanguka kabla hajafika amina.

Joyline alivuka barabara kumwita, na Kemuma akaja na udongo mikononi. "Yaani mnanitafutia dhambi?"

"Kwako si dhambi, mama," alisema Joyline. "Ni waya tu."

Kemuma akacheka, akaokota ufunguo, akafungua geti, akachomoa. Kwa kuwa hakujua ipi ni ya nani, akachomoa zote.

Huko Nyanchwa, mhubiri alipanda kwa wasiwasi. "Umezima injini, dada?"

"Ndivyo ilivyo, mchungaji."

Alipoona kimya kile, akaanza kuyafanyia mazoezi mahubiri yake kwa sauti, hadi Ikonge. Walifika kwaya ingali inaimba, na Joyline akayasikia mahubiri mara mbili.

Siku ya Jumapili kamati ilikaa tena, ikampa Joyline kazi, ikaongeza kwamba kila Sabato Kemuma ndiye atakayechomoa. Kemuma akakubali kwa sharti moja: Jumapili yeye akiwa misani, Mzee Obadiah amkamulie ng'ombe. Mzee alinung'unika kwamba mifugo humwogopa, lakini kura zilikuwa zimeshapigwa.

Jioni Ochoki alibaki stejini akipigia abiria honi. Joyline alikuwa nyumbani, mwanawe kifuani, akimwimbia taratibu hadi mkono mdogo ukaachia kola ya gauni lake.